"Dawa ya jua": methoksaleni maana yake nini, na tuiiteje kwa Kiswahili?

Nyar_Dunga (Kisumu)

Wanajamvi, hamjambo. Swali langu ni la lugha, lakini lazima nianzie kwenye mikono yangu.

Nina mbalanga, huu mwaka wa nne. Ilianza kama kadoa keupe kwenye kifundo cha kidole. Sasa imeenea migongo ya mikono yote miwili, na kuna baka moja shingoni chini ya sikio. Wateja wengine huuliza, wengine huniwekea pesa mezani ili wasiniguse. Nimezoea. Miezi miwili iliyopita daktari wa ngozi aliniandikia dawa ya maji ya kupaka, akasema nikiipata nirudi nayo kwake. Hilo la kurudi nayo lilinipita sikio.

Duka la dawa nililokwenda, muuzaji aliimimina kutoka chupa kubwa hadi kichupa cha ukubwa wa kidole gumba, akakibandika kipande cha plasta na kuandika kwa kalamu "methoxsalen". Nikamuuliza ni ya nini. Akajibu, "Hii ni dawa ya jua. Unapaka, unangoja kidogo, unatoka."

Mimi nashinda juani. Naanika omena, dagaa wetu, hapa Dunga ufuoni mwa Ziwa Viktoria, na mabaka haya yakipigwa na jua huwaka kuliko ngozi nyingine. Kwa hiyo nikaelewa kwamba ni dawa ya kunikinga na jua. Nikafurahi hata. Ijumaa asubuhi nikajipaka migongo ya mikono na shingoni, nikapaka vizuri, jinsi unavyopaka mtoto mafuta akienda shule. Nikaanika omena kuanzia saa nne hadi saa tisa.

Ijumaa usiku hakuna kitu. Jumamosi mwasho na wekundu. Jumapili kanisani nikashindwa kushika kitabu cha nyimbo: malengelenge makubwa, yamejaa maji, yamefuata mipaka ya dawa kana kwamba mtu aliyachora kwa rula.

Nimetibiwa, ngozi inajifunga. Sikuja kulalamikia muuzaji. Nimekuja kwa sababu kikundi chetu cha watu wenye mbalanga (tuko kumi na mmoja kwenye WhatsApp) tunataka kuandika karatasi ya Kiswahili kuhusu dawa hii, na tumekwama mstari wa kwanza. Hilo jina lina maana gani? Na kwa Kiswahili tuiite nini ili mwingine asiungue kama mimi?

Otish_wa_Kondele

Pole dada. Lakini kuna karatasi ya maelezo huwa ndani ya boksi, hukuisoma?

Nyar_Dunga

Boksi gani kaka? Nimesema alimimina. Nilipewa kichupa na plasta.

Fundi_Maneno (Maseno)

Pole sana, dada. Mimi si mtu wa dawa, ni mtu wa maneno, na hili lako nimelala nalo jana.

Jina hilo limeshonwa kwa viraka viwili. Kiraka cha kwanza ni "methoksi", neno la wanakemia kwa kikundi kidogo cha kaboni moja, hidrojeni tatu na oksijeni moja kinachoning'inia pembeni mwa molekuli. Kiraka cha pili ni mkia wa "psoralen", ambayo ndiyo molekuli yenyewe. Kwa urefu wake ni 8-methoxypsoralen, na hiyo 8 ni namba ya mahali kikundi kilipopachikwa. Jina refu halikai kwenye lebo, wakalikatakata likawa methoxsalen.

Sasa hiyo "psoralen" ndiyo yenye hadithi. Imetoka kwa jina la mmea, Psoralea, na jina la mmea limetoka kwa neno la Kigiriki lenye maana ya "mwenye upele". Upele wa nani? Si wa mgonjwa! Majani ya mmea huo yana vitone vitone vya tezi, ukiyatazama unadhani yana upele, basi mtu akaliita jani kwa sura yake. Soriasisi, ule ugonjwa wa ngozi, nayo imechota kwenye kisima hicho hicho cha Kigiriki, ndiyo maana watu hudhani dawa iliitwa kwa ugonjwa. Hapana. Dawa iliitwa kwa mmea, na mmea kwa vitone. Halafu walipofupisha kuwa methoxsalen, upele wote ukafyekwa, ikabaki herufi S peke yake. Upele humwota asiye na kucha; huu uliwaotea wenye mkasi.

Na mmea uliotoa dawa kwa wingi wala si huo. Ni mwingine, Ammi majus, wa ukoo wa karoti na dania, wenye maua meupe yaliyotawanyika kama mwavuli. Unaota Misri, kando ya Nile. Ibn al-Baytar, tabibu na mjuzi wa mimea aliyefariki Damascus mwaka 1248, aliandika kuhusu mbegu zake kama tiba ya mabaka meupe: mgonjwa anakula mbegu, halafu anakaa juani. Jina alilolitaja ni la Kiberiberi, atrilal, lenye maana ya mguu wa ndege. Miaka mia saba baadaye, mwaka 1947, Ibrahim Ragab Fahmy na wenzake kule Cairo wakatenga kiini cha mbegu hizo, wakakiita ammoidini. Mwaka uliofuata Abdel Monem El Mofty akatoa matokeo ya kuwatibu watu wenye mbalanga kwacho.

Kumbe kiini hicho kilikuwa kimeshabatizwa. Mjerumani Thoms alikuwa amekipata mwaka 1911 kwenye mti wa Afrika Magharibi, akakiita zanthotoksini, jina lenye neno "sumu" ndani yake. Kitu kimoja, majina manne: moja linataja sumu, moja linataja mmea wa Misri, moja ni namba, na moja ni hilo lililoandikwa kwenye plasta yako.

Angalia vizuri, dada. Katika majina yote manne, jua halimo. Mbegu ya mguu wa ndege ilikwenda na maelekezo yake, "kula, kaa juani". Jina la kisasa limebaki na kemia tupu.

Na maji yanayonywesha huo mmea wa Misri, sehemu yake yamepita hapo mbele ya meza yako ya omena. Hilo halisaidii karatasi yenu, nimelisema tu kwa sababu limenifurahisha.

Naks_Damu (Nakuru)

Fundi, hiyo P ya mwanzo tunaitamka ama tunaiacha? Nikisema "pisoraleni" naonekana mshamba?

Fundi_Maneno

Iache. Waingereza wenyewe huiandika na hawaitamki. Sisi tunasema saikolojia, hatusemi pisaikolojia. Kwa hiyo ni soraleni, na soriasisi. Methoxsalen iandike methoksaleni: x yetu ni ks, kama oksijeni, na th tunayo tayari.

Nyar_Dunga

Asante mwalimu. Kidholuo mti ni *yath*, na dawa ni *yath*. Kwa mama yangu hakuna cha kushangaza hapo kwenye maelezo yako, dawa itatoka wapi kama si kwa mti? Lakini methoksaleni ni jina tu. Bado haliniambii nisitoke nje.

Mfamasia_Mstaafu (Kisumu)

Nimesoma uzi huu nikiwa na kikombe mkononi, chai ikapoa. Miaka thelathini na kitu nimesimama nyuma ya kaunta. Niseme mawili matatu, na kama nitakuwa mkali nivumilieni.

Kwanza: dawa hii ikipakwa gizani haifanyi kitu. Hakuna. Inaingia kwenye ngozi, inajipenyeza katikati ya nyuzi za DNA za seli, inakaa hapo kama abiria anayesubiri gari lijae. Mwanga wa urujuanimno wa aina ya A ukifika, ule wa mawimbi ya nanomita 320 hadi 400, ndipo inajifunga kwenye DNA na hata kushona nyuzi mbili pamoja. Kwa mtu mwenye soriasisi, ambaye seli za ngozi zinazaliana mbiombio, hiyo inazipunguza kasi. Kwa mwenye mbalanga, mwanga na dawa kwa pamoja huchokoza seli za rangi zilizojificha kwenye mashina ya vinyweleo, zinapanda juu na kuanza kutawanyika. Ndiyo maana ikifanya kazi utaona vitone vya rangi vikizunguka kila kinyweleo, baka halijai kutoka pembeni peke yake. Na ndiyo maana vidole vina ukaidi: vinyweleo ni vichache. Dada, shingo yako ina matumaini kuliko mikono. Nakuambia mapema usije ukakata tamaa na yote mawili.

Hospitalini jambo hili huitwa PUVA: P ni soraleni, UVA ni huo mwanga. Jina lilishika baada ya 1974, madaktari wa Boston walipoeleza walivyowatibu watu wenye soriasisi kwa vidonge vya methoksaleni na mashine ya taa. Kidonge humezwa saa moja na nusu hadi mbili kabla ya taa. Kipimo cha mwanga huanza kidogo sana na kupandishwa kidogo kidogo. Pasipo mashine, kuna nchi hutumia jua lenyewe, India hasa. Lakini jua halina swichi. Na la kwetu! Ikweta inapita hapo Maseno kwa Fundi, na Kisumu tuko zaidi ya mita 1,100 juu ya bahari. Saa nne hadi saa tisa, dada yangu? Daktari angekupimia dakika. Wewe ulichukua saa tano.

Pili, umesema Ijumaa usiku hakuna kitu. Huo ndio ujanja wake. Kuungua kwa kawaida na jua unakuona siku hiyo hiyo au kesho yake. Kuungua kwa soraleni kunachelewa na kufika kilele baada ya saa 48 hadi 72. Mtu anapaka, anakaa juani, haoni kitu, kesho anasema haijafika, anaongeza. Nimeshaona hao.

Maji ya kupaka ni makali kuliko kidonge kwenye eneo lililopakwa. Kwa kawaida huzimuliwa, na anayepaka ni daktari au muuguzi, si mgonjwa nyumbani kwake. Daktari wako alikuambia urudi nayo, na sababu ndiyo hiyo. Na muuzaji anayemimina dawa ya namna hii kwenye kichupa bila maelezo, mimi sina neno zuri kwake. Maelezo ni sehemu ya dawa. Umemuuzia nusu.

Kwa wanaomeza vidonge: miwani ya kuzuia urujuanimno kwa saa 24, hata ndani ya nyumba karibu na dirisha, kwa sababu dawa hufika kwenye lenzi ya jicho. UVA inapita kwenye kioo. Kiti cha mbele cha matatu ya Ahero ni juani, hata kama kioo kimefungwa. Watu wenye ualbino, wenye ugonjwa wa lupasi, waliowahi kupata saratani ya ngozi: hawa hawaipati kabisa. Na wanaoitumia miaka na miaka hufuatiliwa, kwa sababu hatari ya saratani ya ngozi hupanda. Siku hizi madaktari wengi wanapenda taa ya UVB (urujuanimno wa aina ya B) ya wigo mwembamba, ambayo haihitaji dawa yoyote ya kumeza wala ya kupaka.

Swali moja, dada. Siku hiyo ulikamua ndimu?

Nyar_Dunga

Ndimu? Kila siku nakamua. Nikianua omena jioni nakaanga samaki, na wateja hawali bila ndimu. Kwa nini?

Mfamasia_Mstaafu

Kwa sababu ganda la ndimu lina ndugu wa dawa hiyo. Soraleni zimo kwenye ndimu, kwenye seleri, kwenye utomvu wa mtini. Mtu akikamua ndimu nyingi akakaa juani bila kunawa, anaweza kupata michirizi ya malengelenge mkononi, kisha inageuka alama nyeusi zinazokaa wiki nyingi. Yako ilitoka kwa kichupa, mipaka uliyoeleza inatosha kuonyesha. Lakini kwenye karatasi yenu andikeni: nawa mikono kwa sabuni baada ya ndimu, kabla ya kutoka juani. Mabaka hayana rangi ya kuyakinga.

Vet_wa_Mumias

Naomba niingie na ng'ombe wangu, msinicheke.

Fundi amesema jina halina jua. Sisi kwa mifugo tunaona jambo hili bila jina lolote. Kuna huu mmea wa ua, Lantana, maua ya rangi rangi, Wajaluo wanauita nyabende. Ukame ukizidi, ng'ombe anaula. Sumu yake inaharibu ini, na ini likishindwa kazi, kitu kinachotokana na kijani cha majani kinabaki kwenye damu na kufika kwenye ngozi. Jua likikigusa, ngozi inaungua. Njia si ile ile ya soraleni, lakini bwana mkubwa ni yule yule, mwanga.

Nimeitwa boma moja, ng'ombe ni freshiani, mweusi na mweupe. Sehemu nyeusi: ngozi nzima, manyoya yanang'aa. Sehemu nyeupe: imekauka kama karatasi ya saruji na inabanduka. Mpaka kati ya nyeupe na nyeusi ungeufuata kwa kidole. Mwenyewe aliapa kwamba jirani alimmwagia maji moto. Nikamwambia, jirani gani huyo mwenye mkono wa kuchagua madoa? Tukamtoa ng'ombe juani, tukamweka ndani mchana, akawa analishwa usiku.

Siku hizi nikieleza wafugaji sisemi neno lolote la kitabu. Nasema, "Amekula kitu kinachoita jua."

Fundi_Maneno

"Kinachoita jua." Daktari, hapo umenipita.

Shamsa_Milimani

Nyanya yangu alikuwa na duka mtaani hapa Kisumu enzi zile, na kwenye makopo yake kulikuwa na mbegu nyeusi ndogo, kama figo, zinanuka kwa mbali. Aliziita bavchi. Aliwauzia wateja wake Wahindi waliokuwa na mabaka. Nimeangalia, ndizo hizo hizo za Psoralea anayoisema Fundi, ile ya upele wa jani. Wataalamu wa mimea siku hizi wameuhamisha kwenye jenasi ya Cullen, kwa hiyo dawa imeitwa kwa mmea ambao wenyewe umeshabadilisha jina.

Naongeza onyo: kuna seramu za uso zinauzwa zikisifiwa bakuchiol. Jina limetoka kwa mbegu hiyo hiyo, bakuchi kwa Kisanskriti, lakini bakuchiol si soraleni, ni kitu kingine na haiiti jua. *Mafuta* ya mbegu nzima ya bakuchi ndiyo yenye soraleni ndani yake. Herufi mbili tatu tu zinatofautisha na moja inakuunguza. Nyanya alikuwa akimwambia kila mteja: paka kidogo, kaa juani dakika za kusoma dua moja, ingia ndani.

Otish_wa_Kondele

Kwa hiyo mtu akisoma dua ndefu?

Shamsa_Milimani

Alitaja ni dua gani.

Mwalimu_Bungoma

Nafundisha Kiswahili kidato cha tatu na wanafunzi wangu wataupata uzi huu kesho asubuhi. Kila mtu ameshughulikia "methoksaleni". Hakuna aliyeligusa neno lililomuunguza dada yetu. Halikuwa methoksaleni. Lilikuwa "ya".

Tazameni. Dawa ya malaria, dawa ya minyoo, dawa ya mbu, dawa ya panya: kinachofuata "ya" ni adui, dawa imetumwa kumpiga. Dawa ya usingizi, dawa ya nguvu: hapa kinachofuata ndicho tunachokitaka, dawa inakileta. Dawa ya meno, dawa ya viatu: wala si adui wala si tunda, ni mahali inapopakwa. Dawa ya Kichina, dawa ya hospitali: inapotoka. Mwambie mtoto "lete dawa ya maji" na hajui kama unataka ile ya kutibu maji ya kisima au ile ya kikohozi isiyo kidonge. Hata methali, "dawa ya moto ni moto", ina moto mmoja adui na mmoja dawa, na katikati ni hiyo "ya" imekaa kimya.

Sasa "dawa ya jua". Muuzaji alimaanisha dawa inayofanya kazi na jua. Dada akasikia dawa inayopiga jua, kama ya mbu. Wote wawili wamesema Kiswahili sanifu! Hakuna aliyekosea sarufi. Na aliyesikia vibaya alisikia kwa akili zaidi, maana dawa nyingi tunazonunua dukani huwa zimetumwa dhidi ya kitu.

Kwa hiyo nasema: lolote mtakaloandika, lisiwe na "dawa ya" ikifuatwa na nomino. Wekeni kitenzi. Kitenzi hakiwezi kujificha, lazima kiseme nani anamfanya nini nani.

Naks_Damu

Kitenzi sawa. Mimi napendekeza "kihisimwanga".

Mwalimu_Bungoma

Kihisi ni kile cha mlango wa benki. Dawa haihisi, ngozi ndiyo inayofanywa ihisi.

Naks_Damu

"Kichocheamwanga"?

Mwalimu_Bungoma

Hicho kinachochea mwanga. Umempa dawa fimbo amchape jua. Ni kinyume.

Otish_wa_Kondele

"Dawa ijuayo." Bila jua haijui kitu. Nipeni tuzo yangu niende.

Fundi_Maneno

Otish, hiyo ni nzuri na haifai kabisa. Mimi naona "dawa inayoamshwa na jua". Iko kwenye kutendwa, kwa hiyo jua ndilo mtendaji, dawa imelala. Inaeleza hata lile la mfamasia, kwamba gizani haifanyi kitu.

Otish_wa_Kondele

Dawa ya kuamsha? Fundi, vijana wa hapa stejini wataimaliza dukani kwa sababu zao nyingine.

Kibet_K

Naomba kutofautiana. Kwa nini tulitafutie jina? Insulini tumeiacha insulini, na hakuna anayekufa kwa kukosa jina la Kiswahili. Iteni methoksaleni, basi, halafu maelezo yafuate. Ukiipa jina tamu la Kiswahili mtu atadhani ameielewa. Jina gumu angalau linamfanya aulize.

Nyar_Dunga

Kibet, mimi niliuliza. Jibu nililopata ndilo hilo "dawa ya jua".

Lakini nakusikia. Nitapeleka yote mawili kwa kikundi, methoksaleni juu kwa herufi kubwa ili mtu aweze kuionyesha dukani, na chini yake maneno ya Fundi.

Mfamasia_Mstaafu

Na chini ya hayo: "Usiipake mwenyewe."

Nyar_Dunga

*(baada ya miezi minne)*

Naufufua uzi huu kwa sababu niliwaahidi.

Malengelenge yaliisha, yakaacha weusi ambao umepungua. Nilirudi kwa daktari na kichupa changu. Alikinusa, akakiweka kwenye droo yake, hakunirudishia. Sasa naenda kwake mara mbili kwa wiki. Anazimua dawa, anapaka yeye kwa pamba, baka peke yake, na kando yake anapaka mafuta mazito ili isitambae. Natoka nje kwenye benchi, muuguzi na saa mkononi. Siku ya kwanza sikumaliza hata kuitazama barabara, akaniita ndani. Nanawa kwa sabuni, nafunika kwa leso, naenda nyumbani na mwavuli. Omena anaanika binti ya dada yangu siku hizo.

Karatasi tuliandika. Mstari wa kwanza ulikuwa METHOKSALENI, wa pili "Dawa hii huamshwa na jua", kama tulivyokubaliana hapa. Kabla ya kuchapa nikampa mama yangu asome. Yeye ana miaka sabini na miwili, Kiswahili anakisoma polepole kwa sauti. Akasoma. Akatikisa kichwa kwamba ameelewa. Nikamuuliza, haya mama, umeelewa nini?

"Ni ya asubuhi," akasema. "Jua likichomoza unapaka."

Fundi, samahani. Tulikaa hapo mezani mimi na yeye tukafuta. "Inafanya kazi na jua": akasema basi nikae juani sana ifanye kazi sana. "Inaita jua", ya daktari wa ng'ombe: akacheka, akauliza kama ni ya kuzuia mvua. Mwisho nikachoka, nikaandika jinsi ningemwambia mtu ameshika kichupa mkononi: "Ukipaka hii, jua litakuchoma vibaya, na hutajua mpaka kesho kutwa. Anayepaka na kuhesabu dakika ni daktari."

Akaisoma mara mbili. Akavua miwani.

"Hii nimeelewa," akasema. "Sasa kama inachoma hivyo, kwa nini mtu akubali kupakwa?"

Nikasogeza kitambaa, nikamwinamia ili aone shingo, chini ya sikio. Akarudisha miwani. Alivihesabu vitone kwa ncha ya ukucha, bila kugusa, akafika kumi na saba.